Andika Jina la Aliyebaki

Nasikia siku hizi mwalimu akitaka andalio la somo anaandika maneno mawili matatu kwenye simu, anabonyeza, na kabla chai ya saa nne haijapoa somo limeshafika, lina malengo, lina maswali, lina hata picha ya ng'ombe anayecheka. Sisemi ni vibaya. Mngejua tulivyoota sugu za vidole kwa kuandika, msingetarajia nilalamike. Lakini kuna mahali pamoja, chini kabisa ya ukurasa, ambapo ninyi walimu wachanga mnaparuka, na kwa kuwa mmeniomba niwaandikie habari za kazi yangu, nitaanzia huko chini. Anayetaka kuanzia juu akasome azimio la kazi.

Mimi ni Nafula. Baba yangu alitoka magharibi akaja kufanya kazi ya reli hapa Nakuru, akatulea kwenye zile nyumba za reli zenye ukuta mmoja kwa familia mbili. Nikasomea ualimu, nikapelekwa kufundisha Sayansi katika shule ya msingi upande wa Bahati, na huko nikakaa mpaka nywele zikabadilika rangi. Nimewafundisha watoto, kisha nikawafundisha watoto wao, na ninaweza kuwahakikishia kwamba utundu unarithiwa bila kupungua.

Sasa huko chini ya ukurasa. Kila andalio la somo, la zamani na la sasa, lina nafasi ya mwisho ambapo mwalimu anatakiwa aandike, akishafundisha, somo lilikwendaje. Mnaijua, na mnajua mnachoandika hapo. "Somo lilifaulu. Malengo yote yalitimizwa." Basi, umefunga, umeenda zako. Nimeyaona maneno hayo kwa wino wa buluu, kwa penseli, kwa taipureta na sasa kwenye simu. Kama masomo yote yaliyoandikwa hivyo yangekuwa yamefaulu kweli, Kenya hii ingejaa maprofesa hadi wengine wangekuwa wanachunga mbuzi kwa kukosa kazi.

Nami nilikuwa kwenye chama hicho. Mwaka wangu wa kwanza nilikuwa naandika maneno hayo hata kabla sijaingia darasani, ili Ijumaa nisisumbuke. Siku moja ikaanguka mvua ya mawe, ile ya huku kwetu inayopasua majani ya mahindi, na mabati yakapiga kelele hata ukimwita mtoto wa mbele hakusikii. Tulikaa tu tumeziba masikio mpaka kengele. Mchana Mwalimu Gichuhi akaniomba andalio langu la siku hiyo. Akalisoma polepole, akafika chini, akanitazama juu ya miwani.

"Binti wa reli," akasema, "hili somo lilifaulu saa ngapi?"

Nilitamani ardhi inimeze. Huyo Gichuhi ndiye aliyenifundisha kufundisha. Chuo kilinipa cheti, lakini kazi yenyewe nilipewa na yeye. Alikuwa mfupi, wa sweta moja ya kahawia ambayo sijui aliifua lini, na chaki zake alizitia kwenye mkebe wa majani ya chai. Asubuhi aliuweka huo mkebe kando ya jiko la ofisi ya walimu, kwa sababu baridi ya Bahati huingia kwenye chaki, na chaki yenye unyevu hukwaruza ubao badala ya kuandika. Mambo kama hayo hayakuwa kwenye kitabu chochote. Aliniambia nisiwahi kuwauliza watoto "mmeelewa?", maana wataitikia "ndiooo" hata ukiwauliza kama wamekufa. Uliza swali lenye jibu, alisema, kisha unyamaze, na kunyamaza ndiyo sehemu ngumu. Mimi kunyamaza kulinishinda miaka mingi, mume wangu atawaambia.

Siku ile ya mvua ya mawe alichukua kalamu yake nyekundu akapiga mstari juu ya "somo lilifaulu". Chini yake akaandika neno moja na nukta mbili: "Aliyebaki:". Akanirudishia. Akanieleza kwamba hakuna somo ambalo halimwachi mtu nyuma, na kwamba kazi ya mwalimu jioni si kujisifu bali kumkumbuka huyo mtu. Unaandika jina lake. Kesho unaanza na yeye. Humtangazi mbele ya wenzake, unaingia tu kama kawaida, unasogea karibu na deski lake, na unaanzia hapo. Kama hukumbuki jina la yeyote aliyebaki, alisema, basi hukuwa unawatazama.

Nilimchukia kwa muda wa wiki hivi. Kisha nikaanza kuandika majina.

Nyie mnafikiri kugawana masomo kumeanza na intaneti. Wacheni niwacheke kidogo. Sisi tulikuwa na mashine mjini, kwenye kituo cha walimu, ya kutoa nakala, ile ya kuzungusha mkono kama unakamua asali. Kwanza unapiga taipu kwenye karatasi laini ya nta. Ukikosea, unapaka dawa nyekundu inayonuka kama rangi ya kucha, unapuliza, unangoja, unapiga tena. Ukisahau kungoja, herufi inatoboka na nakala zako zote zinatoka na shimo. Jumamosi tulipanga foleni pale, walimu wa Njoro, wa Bahati, wa Rongai, kila mtu na karatasi yake kifuani, na Gichuhi ndiye aliyezungusha mkono kwa sababu hakuamini mtu mwingine yeyote. Tulirudi nyumbani mikono myeusi ya wino, tunanuka, na tunacheka. Nikisikia harufu ya wino hata leo, kwenye duka la vitabu, moyo wangu huenda kusimama kwenye foleni ile.

Nakala zile zilisafiri. Ulimpa mtu anayekwenda upande fulani, naye akampa mwalimu wa huko, akafundisha, akaandika chini yaliyotokea, akairudisha na mwingine. Andalio langu la udongo na maji lilizunguka namna hiyo mpaka likarudi na alama ya kikombe cha chai na mwandiko wa watu wanne. Chini, kwa sababu Gichuhi alikuwa amewaambukiza wote, kulikuwa na majina. Aliyebaki: Kiprono. Aliyebaki: Akinyi, alikuwa mgonjwa wiki nzima. Aliyebaki: Njoroge, haoni ubao. Nilikuwa nawajua watoto ambao sijawahi kuwaona, na kanisani Jumapili nilijikuta nawataja kwenye maombi. Huyo Njoroge nilitamani sana kujua kama alipata miwani.

Gichuhi akastaafu, akaenda kulima karoti kwake, akafariki. Mashine ya mkono ikafa, zikaja za umeme, kila duka likawa na yake, na mtu akaweza kununua maandalio ya muhula mzima, yamefungwa vizuri, yote yameshafaulu tayari. Ofisini mwetu nilibaki mimi peke yangu ninayeandika majina. Vijana waliniona kama bibi wa zamani asiyetaka kubadilika, nami sikuwabishia, kwa sababu kubishana na mtu aliye na haraka ya kwenda nyumbani ni kupoteza mate.

Ndipo akaja Chelangat.

Alikuja kwa mkataba, hajaajiriwa bado, msichana mrefu wa kutoka upande wa Kuresoi, anatembea kama ana mahali anakimbilia. Siku ya kwanza alinikuta napiga mistari ya andalio kwa rula. Akasimama nyuma yangu, akaangalia, akashindwa kujizuia.

"Sasa Madam," akasema, "kwani hii tunachora ama tunaandika?"

Nilimjibu vibaya, kama ilivyo desturi yangu, na kuanzia siku hiyo tukawa marafiki. Alikuwa na mama anayemtegemea na wadogo wawili shuleni, na mkataba wake ulikuwa unaisha mwisho wa muhula. Mwalimu mkuu wetu, Madam Moraa, ndiye angeandika barua ya kumpendekeza aongezewe au arudi nyumbani. Chelangat hakulizungumzia sana jambo hilo, ila kila akimwona Madam Moraa kwenye korido alinyoosha sweta.

Yeye ndiye aliyefungua folda. Nami nilikuwa sijui folda ni nini, nilijua faili. Alinieleza kwamba ni kama kabati moja la walimu wote wa eneo letu, lipo kwenye mtandao, kila mtu ana ufunguo, unaweka somo lako na unachukua la mwenzako. Alinikalisha na simu yake. Mara ya kwanza nilibonyeza mahali fulani na masomo ya gredi ya nne yakatoweka yote, nikaruka kutoka kwenye kiti. Akacheka, akaenda mahali pengine, akayarudisha. Ati huko hata takataka huokotwa. Nilimwambia hicho ndicho kitu cha kwanza cha kompyuta nilichokipenda.

Lile kabati likajaa haraka. Walimu wa Njoro walileta ya ngano na ng'ombe, wa mjini walileta ya takataka na maji. Mwalimu mmoja wa karibu na Olkaria alileta somo la joto la ardhini, lenye picha za mvuke alizopiga mwenyewe, na nilipoliona nilihisi kama niko tena kwenye foleni ya Jumamosi. Niliwasomea ofisini kwa sauti. Lakini nikishuka chini ya ukurasa, kila mahali ni yale yale. Somo lilifaulu. Somo lilifaulu. Nikamwambia Chelangat kabati lake ni zuri, ila limejaa nguo zilizopigwa pasi ambazo hakuna aliyezivaa. Nikamweleza habari za Gichuhi. Alinisikiliza kwa heshima, akasema, "Iko sawa Madam, tutaona," maana yake ikiwa hapana.

Sasa niwaambie kosa ambalo ni walimu tu wanaoweza kulifanya.

Gredi ya sita walikuwa wanajifunza kuhifadhi maziwa. Chelangat akaenda kwenye kituo cha maziwa cha wafugaji wa hapa kwetu, akaongea na meneja, akapewa nafasi ya kuleta watoto Alhamisi asubuhi. Akaandika andalio zuri sana. Siku: Alhamisi. Mahali: kituo cha maziwa. Mwone meneja, ameshajulishwa. Akaliweka kwenye folda ili wenzake wapate wazo.

Wenzake hawakupata wazo, walipata somo. Na kwa sababu shule zote zinafuata azimio moja, wiki moja, mada moja, walimu wa shule nyingine tatu walilichukua, wakabadilisha jina la shule na idadi ya wanafunzi, wakaacha mengine yote kama yalivyo. Kwa nini wabadilishe? Meneja ameshajulishwa.

Alhamisi hiyo nilikwenda na Chelangat kumsaidia kuwalinda watoto. Tulipofika langoni tukakuta sweta za kijani. Tukiwa bado tunashangaa, zikaja za zambarau. Kisha nyekundu, zikiimba. Walimu watano tulitazamana. Meneja akatoka, akaangalia umati wa watoto, akafunga lango la ndani, akasema anayemjua ni Madam Chelangat peke yake. Watoto wakatapakaa barabarani. Nyuma yetu pikipiki zenye mitungi ya maziwa, pikapu, na punda na mikokoteni yao, wote wamekwama, na jua la Bahati likiamua kuwaka siku hiyo. Tuliwapanga watoto kando ya ua, wakachanganyika, tukawapanga tena. Hata tulipofungua njia, mitungi mingi ilikuwa imeshakaa kwenye jua muda mrefu mno. Pale mapokezini maziwa yakapimwa, na mengine yakakataliwa.

Mzee mmoja mfugaji, mtungi wake umerudishwa, akatusogelea na kofia mkononi. Hakuwa na hasira hata kidogo. "Walimu," akasema, "hawa watoto wamekuja kusoma nini leo?"

Tungesema kuhifadhi maziwa kwa mdomo upi?

Ijumaa habari zilikuwa kila mahali. Wafugaji ndio wazazi wa wanafunzi wetu, kwa hivyo malalamiko hayakuwa na safari ndefu. Afisa wa elimu wa eneo akaitisha mkutano Jumatatu, shuleni kwetu, walimu wakuu wote waje, na yule mwalimu wa folda awepo. Madam Moraa alipita ofisini akasema hilo tu, akaondoka bila kumtazama Chelangat, na wote tulielewa barua ya mapendekezo imefikia wapi.

Saa ya chakula nilimkuta Chelangat darasani peke yake, simu mkononi. Alikuwa anataka kuifuta folda yote. Alisema wakikuta hakuna kitu hawatakuwa na la kuonyesha, atasema ilikuwa tu majaribio, labda watasahau. Machozi yalikuwa karibu. Nikamuuliza lile andalio la maziwa chini ameandika nini. Akasema hajaandika kitu, ataandika nini jamani.

Hapa nataka mnielewe. Mimi nilikuwa nimebakiza muda mfupi nistaafu, hakuna ambacho wangenifanya. Yeye alikuwa na mama Kuresoi. Ushauri wa mtu asiye na cha kupoteza ni rahisi sana, nami nilijua hivyo nikiwa nimesimama pale. Hata hivyo nilimwambia. Usifute. Andika chini ya andalio lako kama Gichuhi alivyotufundisha: somo halikufaulu, kwa sababu gani, na nani alibaki. Akaniambia hiyo ni sawa na kuwaandikia barua ya kumfukuza na kuwapa kalamu ya kusaini. Nikasema inawezekana.

"Na nikiandika waliobaki," akaniuliza, "kesho naanza nao, si ndiyo?"

Nikamwambia ndiyo. Nilikwenda nyumbani sijui ameamua nini, na mume wangu akaniuliza mbona nimekata kitunguu kimoja mpaka kimekuwa uji.

Jumatatu tukakaa kwenye darasa la gredi ya nane, watu wazima kwenye madawati ya watoto, magoti juu. Afisa alikuwa ameunganisha kompyuta na projekta, na folda ikawa ukutani kubwa kama mlango. Na meneja wa maziwa alikuwepo, ameketi nyuma, mikono kifuani. Nikaliona hilo nikaanza kuomba kimoyomoyo.

Afisa alisema anataka kujua kabati hili lina faida gani kabla ya kulifunga. Akafungua andalio la shule ya kwanza, akashuka chini, akasoma. Somo lilifaulu, wanafunzi walifurahia ziara na malengo yote yalitimizwa. Akafungua la shule ya pili. Somo lilifaulu, wanafunzi walifurahia ziara. La tatu vile vile, hata koma zilikuwa mahali pamoja. Watu wakaanza kuangalia viatu. Kumbukeni watoto hao hawakuvuka hata lango. Halafu mashine ile ina ubaya mmoja ambao wino haukuwa nao, inaonyesha umeandika lini. Afisa akasogeza uso karibu na ukuta.

"Hii ziara ilikuwa Alhamisi," akasema. "Mbona ilifaulu Jumatano?"

Nawaapia nilimsikia Gichuhi. Nilikaribia kucheka, na nilikaribia kulia, na sikufanya chochote kwa sababu alikuwa anafungua la mwisho, la Chelangat. Akashuka chini. Akasoma.

"Somo halikufaulu. Niliacha siku na mahali kwenye andalio, na nikaandika meneja ameshajulishwa bila kusema ni kwa shule yetu tu. Waliobaki: watoto wote wa gredi ya sita, walimu watatu walioniamini, na wafugaji ambao maziwa yao yaliharibika. Nitaanza na wafugaji."

Madam Moraa alikuwa anamtazama Chelangat kwa mara ya kwanza tangu Alhamisi. Afisa akauliza, si kwa ukali, kuanza na wafugaji maana yake nini. Chelangat akasimama, na kabla hajasema kitu meneja akaongea kutoka nyuma. Akasema huyo msichana alifika kituoni Jumamosi asubuhi na mapema, akasimama langoni, akamwomba msamaha kila mtu aliyeleta mtungi, mmoja mmoja, hata wale ambao maziwa yao yalipita. Wengine walimfokea na akasimama tu. Yule mzee wa kofia alimkaribisha chai. Meneja akawatazama wale walimu wakuu wengine, akasema, "Wenu sijawaona bado." Akarudisha mikono kifuani.

Sitawapotezea muda na mengine ya mkutano, ulikuwa mrefu kama mikutano yote ya elimu. Folda haikufungwa. Afisa alitaka siku na mahali viwe tupu kwenye kila somo linalowekwa, na ile nafasi ya chini ibadilishwe jina. Chelangat akaibadilisha pale pale, ukutani, mbele ya watu: Aliyebaki. Afisa akasisitiza majina ya watoto yasiwekwe kamili, jina la kwanza tu au deski, na hapo alikuwa na haki. Madam Moraa, ambaye ni mtu wa maneno machache, alipita ofisini jioni akaweka karatasi mbele ya Chelangat ahakikishe jina lake limeandikwa sawa. Ilikuwa barua ya mapendekezo. Chelangat aliisoma, akaja kunikumbatia, tukalia wote wawili, na chai yangu ikamwagika kwenye madaftari ya gredi ya tano, yakarudishwa na alama za chai kama zamani.

Mkataba ukaongezwa, na baadaye akaajiriwa kabisa, akapelekwa shule ya upande wa Njoro. Mimi nikastaafu. Walinipa sufuria kubwa, blanketi na hotuba.

Nyumbani nilifurahia muda kidogo. Nilikuwa na tabia ya kufungua folda asubuhi nikinywa chai, nisome walimu wameandika nini huko chini. Aliyebaki: Brayo, analala kwa sababu hukamua ng'ombe alfajiri. Aliyebaki: mwalimu mwenyewe, sehemu ya umeme. Yule wa Olkaria alikuwa mtundu, aliandika kwamba watoto wake wanaujua mvuke kuliko yeye kwa kuwa baba zao wako kazini huko. Niliwajibu. Niliandika neno hapa na pale, jaribu hivi, mkalishe mbele, kausha chaki. Nilijiona bado niko foleni na wenzangu.

Kisha wakahamia kwenye mfumo mpya. Ni mzuri zaidi, nasikia, unapanga masomo wenyewe. Lakini kuingia lazima uwe na namba ya mwalimu aliye kazini. Niliandika yangu, ikakataa. Nikaandika tena, ikaniambia akaunti haipo. Nilikaa na simu mapajani. Sikumwambia mtu, kwa sababu utamwambia nini? Watu wazima wenzangu walikuwa wanauguza magoti, mimi nauguza folda. Nikajiambia ndivyo kustaafu kulivyo, nikaingia shambani kwa mboga zangu.

Jumamosi moja mbwa akabweka. Ni Chelangat, amepanda pikipiki kutoka Njoro mpaka hapa, vumbi mpaka kwenye nyusi. Nikamuuliza kuna msiba? Akasema hapana. Nikamkaribisha chai, akasema chai baadaye. Akatoa simu, akaniambia juzi aliwafundisha walimu wote wa eneo jinsi ya kutumia mfumo mpya, na kama kawaida aliandika andalio la somo hilo. Akaniomba nisome. Nikavaa miwani. Lilikuwa zuri, refu, bila siku na bila mahali. Nikashuka chini.

Aliyebaki: Madam Nafula, Bahati.

Chelangat aliniambia kuna nafasi ya mwalimu mgeni, inafunguliwa kwa namba ya simu tu, ni hatua chache. Akachukua kigoda kilichokuwa kando ya mlango, akakisogeza mpaka kikagusa kiti changu, akaketi. Hakuniuliza kama nimeelewa. Akaniwekea simu mkononi, akanyamaza, akangoja.